Ufunguo wa bendera na ganda la ndizi

Pishanisha mikono yako miwili chini ya pua, kisha tanua vidole kama mabawa ya ndege anayejiandaa kuruka. Sasa nenda kajitazame kwenye kioo. Ukicheka, karibu chamani.

Hiyo ndiyo alama ya siri ya Blinking Buzzards, tumbusi wapepesa macho, chama cha wahuni kilichomo kwenye filamu ya mchekeshaji wa Marekani Buster Keaton iitwayo The "High Sign". Ni filamu bubu ya kama dakika ishirini, ilitoka Aprili 1921, na haki zake zilishaisha zamani, kwa hiyo inatazamwa bure. Wiki hii nimeiangalia mara nne kwenye simu, sauti nimeizima, maana muziki uliobandikwa juu yake miaka ya karibuni unaniudhi. Mara ya tatu mpwa wangu wa miaka tisa alikuja akaning'inia begani. "Mjomba, mbona hawaongei?" Nikamwambia ndivyo zilivyokuwa. Akakaa. Tangu hapo akinikuta koridoni ananipigia ile alama, tena kwa uso mkavu kabisa, kama mtu aliyekula kiapo.

Kibao cha kwanza cha maandishi kinatuambia kwamba shujaa wetu hakutoka kokote, hakuwa anaelekea kokote, na ametupwa nje mahali fulani. Ndiyo wasifu wote tunaopewa. Anasukumwa kutoka kwenye treni, anaingia kwenye uwanja wa bembea kando ya bahari, anamnyang'anya mtu gazeti na kuanza kulifungua ili asome. Analikunjua, likawa kubwa. Analikunjua tena, likawa kubwa kuliko shuka. Anaendelea kulikunjua bila haraka wala mshangao, mpaka limemmeza. Uso wa Keaton haubadiliki hata kidogo. Wengi humwita mtu asiyecheka, lakini mimi naona ni uso wa mtu anayesikiliza maelekezo.

Humo gazetini anakuta tangazo la kazi kwenye banda la kulenga shabaha. Bunduki hajui. Anamchomolea polisi bastola na kumwachia ndizi kwenye mfuko wake, kisha anakwenda kufanya mazoezi ya kulenga chupa. Analenga hii, inavunjika ile. Kazi anaipata hata hivyo, na anapotaka kutundika kofia hapaoni msumari. Anachukua brashi, anachora ndoano ukutani, anatundika kofia kwenye mchoro. Inakaa.

Bosi wa banda ni jitu linaloitwa Tiny Tim, yaani Tim Mdogo. Anataka kusikia kengele ya shabaha ikilia kwa kila risasi. Keaton anatafuta mbwa. Anamfunga kamba iliyounganishwa na kengele, halafu anatengeneza kanyagio chini ya mguu wake. Akikanyaga, mfupa unashuka mbele ya mbwa. Mbwa anaurukia, kamba inavutika, kengele inalia. Sasa kijana anafyatua risasi huku ametazama pembeni, na kila risasi ni ngo! Bosi anafurahi. Kisha anapita paka.

Hapo mpwa wangu alicheka mpaka akakohoa, na ilinibidi nirudishe nyuma mara mbili.

Sifa za shabaha hiyo ya mbwa zinamponza. Kuna mzee mmoja tajiri, August Nickelnurser, jina ambalo kwa Kiswahili lingekuwa Mzee Mkono wa Birika. Tumbusi wamemtaka atoe dola 10,000 la sivyo wamuue. Mzee anamwona kijana analenga vile, anamwajiri awe mlinzi wake. Papo hapo bosi naye, ambaye ndiye mkuu wa Tumbusi, anamwingiza kijana chamani na kumpa kazi yake ya kwanza: kamuue Nickelnurser. Mtu mmoja, mshahara kutoka pande mbili, kazi mbili zisizoweza kukaa nyumba moja.

Kwenye karatasi hawa ni wauaji. Kwenye pazia ni watoto wakubwa wenye klabu. Wanasalimiana kwa alama yao ya siri mbele ya kila mtu, wazi kabisa, kama watu waliosahau kuwa ni siri. Keaton anaisoma alama hiyo kama alivyolisoma lile gazeti: ahaa, kumbe hapa hufanywa hivi. Anaifanya. Anakubaliwa.

Mimi nilikubaliwa kwa kiazi.

Ilikuwa siku yangu ya tatu shule ya bweni, njuka wa kidato cha kwanza, sweta jipya linanikuna shingoni. Kaka mmoja wa kidato cha pili alinisimamisha, daftari mkononi, uso wa kazi. "Njuka, kimbia stoo ukachukue ufunguo wa bendera. Mwalimu wa zamu anausubiri." Nikakimbia. Mzee wa stoo alivua miwani, akaifuta kwa pindo la shati, akanitazama kwa muda.

"Ufunguo wa bendera. Wa mlingoti au wa kamba?"

Sikuwa nimeuliza. Nikarudi mbio, nikaambiwa wa kamba. Nikaenda tena, jasho linanitoka kwenye baridi ile. Mzee akafungua daftari lake la stoo, akashusha kidole kwenye mistari, akatikisa kichwa. Wa kamba ameuazima mpishi. Nikaenda jikoni.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Umefuata ufunguo?"

Aliingia ndani akatoka na kitu kimefungwa kwenye gazeti, kizito, cha moto. Akaniambia nisikifungue njiani. Nilifika nyuma ya jiko nikakifungua. Kiazi kitamu, kimechemshwa, kinatoa mvuke. Vijana kama sita walikuwa wamejibanza nyuma ya kuni, wameziba midomo. Yule mwenye daftari akaja, akakivunja kiazi vipande viwili, akala kimoja, akaniachia kingine. "Karibu shule."

Nimewahi kuwasimulia watu kisa hiki wakaniambia huo ni uonevu. Huenda. Ila nakumbuka kwamba usiku ule nililala usingizi wa kwanza mzuri tangu nitoke nyumbani, kwa sababu nilikuwa najua kitu ambacho wale njuka wengine bweni zima walikuwa hawajakijua.

Watazamaji wa Marekani wa 1921 hawakuhitaji kuelezwa chama cha siri ni nini. Karibu kila mji ulikuwa navyo: Freemasons, Odd Fellows, Elks, Knights of Pythias, Modern Woodmen. Seremala na karani wa benki walikuwa na neno la siri, namna ya kushikana mikono, joho kabatini. Tukisikia leo tunafikiria njama na damu. Vingi vya vyama hivyo, ukivivua majoho, ni kufa na kuzikana. Hifadhi ya jamii ya serikali ilikuja mwaka 1935. Kabla ya hapo fundi akianguka kwenye paa, aliyemzika na kumtupia mjane wake chochote alikuwa ni chama. Ada ya mwezi, mchango wa msiba, daftari la mahudhurio. Bibi yangu angekielewa chama cha Woodmen kwa dakika tano. Kilichobaki ni namna ya kuwafanya wanaume watoke nyumbani jioni ya baridi kuja kikaoni, na hapo ndipo mizaha ilipoingia.

Katika mji mdogo wa Greenville, jimbo la Illinois, kulikuwa na fundi aitwaye Ed DeMoulin. Mkuu wa Modern Woodmen, William Northcott, alikuwa mtu wa mji huohuo, na alitaka kitu cha kuchangamsha sherehe za kuwaingiza wanachama wapya. Mwaka 1892 DeMoulin na ndugu zake wakaanzisha kiwanda, na kwa miongo kadhaa kikatengeneza na kuuza kwa katalogi vifaa vya kumchezea shere mwanachama mpya. Beberu wa manyoya juu ya magurudumu, anayeruka-ruka, mwanachama amefungwa kitambaa machoni na kupandishwa mgongoni. Kiti kinachoporomoka. Zulia lenye umeme. Kipimo cha mapafu, unaambiwa upulize kwa nguvu zako zote ili tuone afya yako, unapuliza, unga unakurudia usoni na risasi baridi inalipuka sikioni. Ninachokipenda mimi ni sufuria la madini yaliyoyeyuka. Unaliona linang'aa, unaambiwa mwanachama wa kweli hutumbukiza mkono bila hofu. Kumbe ni maji tu, yametiwa unga wa kuyafanya yametemete.

Watu waliumia, bila shaka, na baadhi ya kesi zilifika mahakamani. Lakini ukiondoa ajali, ufundi wa sufuria lile ni mkubwa. Hofu yote ni ya kwako mwenyewe, na ukitoa mkono unautazama, mzima, umelowa tu, na chumba kizima kinakupigia makofi. Mwezi ujao utakuwa miongoni mwa wanaopiga makofi. Kiwanda kipo hadi leo. Siku hizi kinashona sare za bendi za tarumbeta, na sioni kama kimebadilisha sana biashara.

Keaton alitoka kwenye ulimwengu huu wa kuanguka kwa malipo. Alizaliwa Kansas mwaka 1895, na alikuwa bado mtoto mdogo pale baba yake alipokuwa akimrusha jukwaani mbele ya watu, onyesho la familia lililoitwa The Three Keatons. Mwaka 1917 mchekeshaji mwenzake, Roscoe Arbuckle, alimwingiza kwenye sinema. Wawili hao walikuwa chama cha siri cha watu wawili. Kwenye kitabu cha maisha yake cha 1960, Keaton anasimulia chakula cha jioni nyumbani kwa Arbuckle, mgeni wa heshima akiwa Adolph Zukor, mkubwa wa Paramount, mtu ambaye neno lake lilifungua na kufunga milango ya Hollywood. Zukor hakuwa anaijua sura ya Keaton ana kwa ana. Basi Keaton akavaa nguo za mhudumu.

Akaanza kwa kuwapa wanaume chakula kabla ya wanawake. Arbuckle akamkaripia, akaomba radhi kwa mgeni. Supu ikapata ajali. Batamzinga akafika, akaanguka sakafuni mbele ya wote. Wageni wengine walikuwa wameshaambiwa mapema, kwa hiyo waliendelea kuzungumza kwa adabu huku mbavu zinawauma. Mwishowe Arbuckle, akijifanya uvumilivu umemwisha, akampiga mhudumu kichwani kwa chupa, chupa za maigizo zile zinazopasuka bila kudhuru. Zukor alikuwa ameketi katikati ya haya yote, akimhurumia mwenyeji wake. Baadaye Keaton alibadili nguo, akaja mezani kama mgeni aliyechelewa, na mzee akaanza kumtazama, akamtazama tena. Kiazi chake kilikuwa hicho. Walimwacha afike nyuma ya jiko, afungue gazeti, aone.

Kuna chama kingine nisichoweza kukipita, E Clampus Vitus cha California, jina la Kilatini lisilo na maana yoyote. Kilistawi miaka ya 1850 kwenye machimbo ya dhahabu, kikafufuliwa miaka ya 1930 na wapenda historia. Kiongozi wake huitwa Noble Grand Humbug, yaani Mtukufu Mkuu wa Ulaghai, na kaulimbiu yao ya Kilatini husema naamini kwa sababu ni upuuzi. Miongoni mwa wanachama alikuwemo profesa Herbert Bolton wa chuo kikuu cha Berkeley. Bolton alikuwa na ndoto moja: kupata bamba la shaba ambalo nahodha Francis Drake aliliacha pwani ile mwaka 1579. Wanafunzi wake aliwaagiza walitafute. Wenzake wa chamani wakaona wamtengenezee.

Bamba likapatikana mwaka 1936, likafika mikononi mwa profesa. Waliolitengeneza walikuwa wameandika herufi za chama nyuma yake kwa rangi isiyoonekana ila kwa mwanga maalumu. Walitegemea atacheka. Bolton hakufungua gazeti. Mwaka 1937 alisimama mbele ya watu akatangaza kwamba ni bamba halisi, zikachangwa dola 3,500 kulinunua. Wenzake wakaanza kuhaha. Wakachapisha kijitabu cha mzaha chenye vidokezo, wakidhani atashtuka. Hakushtuka. Kumwambia waziwazi kungemvunjia heshima. Kunyamaza kulikuwa kunaongeza shimo. Wakanyamaza. Bolton alifariki mwaka 1953 akiamini, vipimo vya madini vya miaka ya 1970 vikaonyesha kwamba shaba ni ya kisasa, na kisa kizima kikatangazwa na watafiti mwaka 2003. Kila nikisoma habari hii simwonei huruma Bolton peke yake. Nawawazia wale wengine mezani kwenye vikao vya chama, mwaka baada ya mwaka, wanampitishia chumvi.

Nirudi kwa Tumbusi. Katikati ya filamu kuna jambo linalochukua sekunde chache tu. Ganda la ndizi linatupwa chini. Kila aliyewahi kuona kichekesho chochote anajua kinachofuata. Kamera inangoja. Sisi tunangoja. Keaton anakuja na hatua zake, anapita juu ya ganda, hatelezi. Halafu anageuka, anatutazama sisi, na anapiga ile alama: mikono chini ya pua, vidole mabawa.

Mpwa wangu hakucheka hapo. Aliuliza, "Mbona hajaanguka?" na alikuwa amekasirika kidogo. Mimi nilicheka peke yangu, na bado sina uhakika kama ninayo haki ya kucheka. Ametuingiza mkenge, sisi watazamaji, kisha kwa ile alama anatuambia: basi, na nyinyi ni wanachama. Ni kiazi na ufunguo kwa pamoja, ila mchezo umefanyika haraka mno, na mwenye kiazi hajafika.

Keaton mwenyewe hakuipenda filamu hii. Aliitengeneza mwanzoni mwa 1920, akishirikiana na Edward Cline kuiongoza, ikiwa kazi yake ya kwanza baada ya kuondoka kwa Arbuckle na kupewa studio yake. Alipoiona akaifungia kabatini, akatengeneza nyingine, One Week, hiyo ndiyo ikatangulia kutoka Septemba 1920. Ya Tumbusi ingebaki kabatini kama si ngazi ya umeme. Mwaka 1921, akirekodi The Electric House, kiatu chake kilinaswa na ngazi, kifundo cha mguu kikavunjika. Miezi ikapita bila kazi mpya, wasambazaji wanataka filamu, ikabidi lile kabati lifunguliwe.

Nashukuru kwa kile kifundo, Mungu anisamehe, kwa sababu mwisho wa filamu ni mojawapo ya vitu nadhifu nilivyowahi kuona. Nyumba ya Mzee Mkono wa Birika imejazwa mitego: milango ya sakafuni, kuta zinazozunguka, picha zinazofunguka. Tumbusi wanavamia, na Keaton anaondoa ukuta wote wa mbele. Tunaiona nyumba kama kabati lililo wazi, vyumba viwili juu na viwili chini, vyote kwa mpigo, na watu wanakimbizana kutoka chumba hadi chumba ndani ya picha moja. Anayetumbukia chumba cha juu unamwona hapohapo akitokea cha chini. Hakuna shimo linalokwenda gizani. Kila tundu lina chumba upande wa pili, na mtu akianguka anaangukia sebuleni, anajifuta vumbi, anakimbizwa tena. Nimeirudia sehemu hiyo kuliko zote, na kila mara namkumbuka mama wa jikoni.

Maana mwaka uliofuata nilikuwa kidato cha pili, na daftari nilikuwa nalo mimi. Nilimsimamisha njuka mmoja mwembamba, ndiyo kwanza ametoka kwao, nikamtuma ufunguo wa bendera. Kazi ya uso niliifanya vizuri. Ila mzee wa stoo alikuwa amestaafu likizo ile, na aliyekuja alikuwa kijana wa taratibu, na mimi sikuwa nimepita kumwambia. Wala jikoni sikupita. Nilidhani ule mchezo unajiendesha wenyewe, sikujua kama kuna watu walioubeba.

Yule kijana wa stoo aliona anafanyiwa dharau. Alimpeleka njuka kwa mwalimu wa zamu. Njuka akapigishwa magoti kwenye kokoto chini ya mlingoti, tangu saa tisa. Tulikuwa dirishani bwenini tukitazama. Mmoja wetu alicheka, akaacha. Saa kumi na mbili jioni filimbi ikalia, wote tukasimama wima tulipokuwa, na bendera ikashuka kwa kamba yake, bila ufunguo.

Hakunitaja. Waliomuuliza aliwajibu kwamba alisikia vibaya.

Usiku ule chakula kilikuwa viazi. Nilibakiza changu, nikakifunga kwenye karatasi ya daftari lilelile, nikakipeleka bwenini kwao. Alikuwa amejifunika shuka hadi kichwani. Nikakiweka juu ya tranka lake. Asubuhi nilipopita kilikuwa palepale, kimepoa, karatasi imelowa mafuta ya taa ambayo mtu aliiweka juu yake.